Maigizo darasani na jukwaani: mmeuliza, tunajibu

Nafundisha Uraia na Maadili darasa la sita, wanafunzi 70. Kila nikitumia igizo dhima, yaani wanafunzi kuigiza watu walio katika hali fulani, wanaojitokeza ni walewale watano, wengine wanacheka hadi kengele inalia. Kasoro iko wapi?

Mara nyingi kasoro iko kwenye kisa chenyewe. Ukiwaambia "igizeni madhara ya rushwa", kila mtoto anajua mwisho wake: mla rushwa atakamatwa. Hakuna cha kuwaza, ndiyo maana wanabaki kuchekesha. Wape mtu anayelazimika kuamua, na pande zote mbili ziwe na shida ya kweli. Mama ana mtoto mwenye homa kali, foleni ya zahanati ni ndefu, na mlinzi anamnong'oneza kwamba kwa shilingi elfu mbili atapitishwa mbele. Mlinzi naye mshahara wake umechelewa na kwake kuna watoto. Hapo hata mchekeshaji wa darasa inabidi afikiri aseme nini.

Halafu usiwapange mbele ya ubao. Wagawe wawiliwawili, jozi zote 35 ziigize kwa pamoja, kila moja palepale ilipokaa. Kelele zitakuwepo, lakini hakutakuwa na mtazamaji wa kuchekeshwa. Kabla ya kuanza, wafundishe ishara ya kusimama: makofi matatu, wote wanaganda. Wajaribu mara mbili, la sivyo utamaliza sauti yako.

Kipindi cha dakika 40 kigawe hivi: 5 za kueleza hali, 4 za kuigiza, 4 za kubadilishana nafasi (aliyekuwa mlinzi sasa ni mama), 7 za jozi mbili kuonesha mbele, na 20 za mazungumzo. Hizo 20 ndizo walimu wengi huzikata, na somo lenyewe liko humo. Usiulize "mmejifunza nini?" Utajibiwa kwa pamoja kwamba rushwa ni adui wa haki, na hakuna aliyewaza. Uliza: "Ulipokuwa mlinzi, ulijiambia nini hadi ukaona huna kosa?" "Nafasi ilipobadilika, ni jambo gani ulishindwa kulisema?" Mtoto akijibu maswali hayo amekwisha kuona jinsi mtu mwema anavyoteleza, jambo ambalo ubaoni halifundishiki kirahisi.

Waigizaji wanashikaje maneno ya mchezo mzima? Je, mwanafunzi anaweza kutumia njia yao?

Anaweza, kwa baadhi ya masomo. Huko Marekani, mwanasaikolojia Helga Noice na mwigizaji Tony Noice wamelichunguza jambo hili kwa miaka mingi. Waliona kwamba waigizaji wengi hawaanzi kwa kukariri. Wanapitia andiko wakijiuliza: mhusika anamwambia nani haya, kwa nini, na anataka kupata nini kwake? Maneno yanakuja yakifuata nia. Waliona pia kwamba maneno yaliyosemwa pamoja na kitendo cha mwili hukumbukwa vizuri zaidi, hata msemaji akiyarudia ametulia.

Kwa anayesoma tamthilia au historia: chukua ukurasa mmoja, pembeni ya kila kauli andika kitenzi kimoja, kama anabembeleza, anatishia, anakwepa. Kisha soma kwa sauti ukisimama na kusogea kama kitenzi kinavyotaka. Usitegemee njia hii kwa jedwali la elementi, maana humo hakuna mtu anayemtaka mwenzake kitu.

Binti yangu wa miaka 14 aliigiza mjane, akaendelea kulia hata baada ya onesho. Nimzuie?

Usimzuie bado. Lev Vygotsky, mwanasaikolojia wa Kisovieti, katika mhadhara wa 1933, alieleza kwamba mtoto anayeigiza mgonjwa hulia kama mgonjwa na papo hapo hufurahi kama mchezaji. Hisia hizo mbili kukaa pamoja ndiko kunakomfundisha kuitazama huzuni bila kuzama ndani yake. Shida huanza furaha ya mchezaji inapopotea, na hutokea zaidi pale mwelekezi anapomwambia mtoto "kumbuka msiba wa kwenu". Stanislavski mwenyewe, mwelekezi wa Kirusi aliyewafundisha waigizaji kutumia kumbukumbu za hisia, alipozeeka alielekea zaidi kwenye vitendo. Kwa watoto anzeni huko: mjane anakunja kanzu ya marehemu, anaiweka sandukuni, anaitoa tena. Huzuni itakuja yenyewe, na sanduku likifungwa itaondoka kwa urahisi zaidi.

Baada ya onesho kuwe na dakika tano za kutoka kwenye uhusika: avue vazi, anawe uso, ataje jina lake kamili, aseme mambo mawili yanayomtofautisha na mjane yule. Huzuni ikiendelea kwa siku kadhaa, au kama kweli kuna msiba nyumbani, apewe nafasi nyingine na azungumze na mtu mzima anayemwamini au mshauri wa shule.

Ni kweli kuigiza huongeza huruma?

Kuna dalili nzuri. Mwaka 2012 wanasaikolojia Thalia Goldstein na Ellen Winner walichapisha utafiti wa watoto na vijana waliosoma uigizaji kwa mwaka mmoja: huruma yao iliongezeka kuliko ya waliosoma sanaa nyingine. Lakini wanafunzi hao hawakupangwa kwa kura, kwa hiyo sifa zote zisipewe uigizaji.

Kikundi chetu hufanya jukwaa shirikishi vijijini kuhusu ndoa za utotoni. Watazamaji wakipanda jukwaani huleta miujiza: baba anabadilika ghafla, kisa kinaisha. Tufanyeje?

Rudini kwenye kanuni za Augusto Boal, Mbrazili aliyebuni mbinu hii. Igizo liwe fupi, dakika 10 hadi 15, na liishe vibaya. Linaporudiwa, mtazamaji anasema "simama" na kuchukua nafasi ya anayeonewa au ya anayemuunga mkono. Asichukue ya baba. Akiwa baba atasema "sawa, asome", na tatizo limefutwa bila mtu kulishughulikia.

Waigizaji wenu nao wasilegee. Baba awe na hoja zake kamili: mahari imepokelewa, ng'ombe mmoja ameshauzwa, ada ya mdogo wa binti imelipwa. Pingamizi hizo zote mzifanyie mazoezi mapema. Jaribio la kimiujiza likitokea, mwongozaji asilikosoe. Aigeukie hadhira na kuuliza, "Hapa kwetu linawezekana?" Wenyeji watajibu.

Wanawake wasipojitokeza, fanyeni onesho la pili kwa ajili yao tu. Na mtendaji wa kijiji mwombeni akae nyuma, kwa sababu akikaa mbele kila mtu atamtazama yeye kwanza kabla ya kufungua kinywa.