Maswali yenu ya hesabu: nukta inakaa wapi tukigawanya desimali?

SWALI: Habari za kazi mwalimu. Mwanangu yuko darasa la sita, kugawanya kwa kawaida anaweza vizuri tu ila zikija desimali anapotea, na mimi nimesoma zamani siwezi kumsaidia. Juzi kapewa 7.56 gawanya kwa 0.24 akapata 3.15, akawekewa kosa bila kuambiwa kosa lenyewe nini. Nikabonyeza kwenye simu ikaleta 31.5. Tarakimu ni zilezile, nukta tu ndo imehama. Kakosea wapi?
Mama mwenye mwanafunzi, Morogoro

JIBU: Dada yangu, huyo mtoto kugawanya anajua, alichofanya ni kuleta sheria ya kuzidisha kwenye kugawanya. Kwenye kuzidisha unapata tarakimu zako halafu unahesabu nafasi za desimali kutoka kulia, basi na yeye kapata 3, 1, 5, akaona 7.56 ina nafasi mbili akahesabu mbili, ikawa 3.15. Wanafanya hivyo wengi sana.

Kabla hajashika penseli mwambie akadirie kwanza. 0.24 ni karibu na robo, na kwenye moja zima robo ziko nne, kwa hiyo kwenye 7 na nusu ziko kama 30 hivi. Akishajua jibu liko maeneo ya 30, ile 3.15 ataikataa mwenyewe hata kabla ya mwalimu kuiona.

Sasa nukta. Shuleni wanaambiwa tu "ruka mara mbili huku, ruka mara mbili huku", mimi hiyo siipendi kabisa maana mtoto anaona kama mazingaombwe, na akisahau anaruka upande mmoja. Chukua kamba ya mita 7.56 unayotaka kuikata vipande vya mita 0.24. Useme mita useme sentimita kamba ni ileile, kwa hiyo sentimita 756 ukikata vipande vya sentimita 24 idadi ya vipande haibadiliki. Ndo maana tunazidisha namba zote mbili kwa 100, na ni lazima zote mbili, na anayeamua uzidishe kwa ngapi ni ile inayogawanya, yani tunataka 0.24 iwe namba nzima, basi.

Imebaki 756 gawanya kwa 24. 24 kwenye 7 haiingii, chukua 75, inaingia mara 3 ambayo ni 72, andika 3 juu ya ile 5, sio juu ya 7 (hapo wanateleza sana, daftari lenye viboksi linasaidia, kila tarakimu kibanda chake). 75 toa 72 inabaki 3, shusha 6 inakuwa 36, inaingia mara 1, inabaki 12. Tarakimu zimeisha ila baki bado lipo, kwa hiyo weka nukta baada ya 756, na hapohapo juu yake weka nukta kwenye jibu, ongeza sifuri, inakuwa 120, inaingia mara 5 kamili. 31.5. Ahakikishe kwa kuzidisha 31.5 kwa 0.24, irudi 7.56. Kwenye mtihani wa darasa la saba hakuna kalkuleta, kwa hiyo azoee kujihakikishia mwenyewe.

SWALI: Mwalimu mimi ni fundi cherehani. Nina kitambaa mita 7.5, nakata vipande vya mita 0.4. Nimegawanya kwa mkono nikapata 18 baki 3. Hiyo 3 ni mita tatu au? Mbona mezani kimebaki kipande kidogo tu.
Fundi, Tanga

JIBU: Fundi, macho yako yako sahihi, mita tatu ungepata vipande vingine saba! Ulipozidisha kwa 10 ukagawanya 75 kwa 4, jibu 18 halikuguswa ila baki limekuzwa mara 10 pamoja na kitambaa, kwa hiyo lirudishe, ni mita 0.3, sentimita 30. Ukiendelea kugawanya utapata 18.75, ni sawa pia, ila 0.75 hapo ni robo tatu ya kipande, sio sentimita 75. Kwa kazi yako ishia kwenye 18 na baki.

SWALI: Tumehamia Kigoma kutoka Bujumbura. Binti yangu anaandika 7,5 badala ya 7.5, na namba inayogawanya anaiweka kulia, jibu chini yake. Hapa wenzake wanamcheka. Aanze upya?
Baba yake

JIBU: Asianze upya ndugu yangu. Huo ni mpangilio wa shule zilizofuata Kifaransa, hapa kwetu tumefuata wa Kiingereza, inayogawanya kushoto na jibu juu, ila ndani kazi ni moja, gawanya, zidisha, toa, shusha. Koma tu ndo aiache mapema, maana huku tunatenganishia maelfu, 7,500 akiisoma kama saba na nusu ni balaa. Na hao wanaomcheka wape 6.18 gawanya kwa 0.3, tuone wangapi wataandika 26 au 2.6. Jibu ni 20.6, kwa sababu kwenye 61.8 ile 1 haigawanyiki kwa 3 na lazima uweke sifuri juu yake ndo ushushe 8.

SWALI: Shikamoo mwalimu. 2.5 gawanya kwa 0.6 haiishi, nimejaza ukurasa mzima 6 6 6. Nimekosea?
Mwanafunzi

JIBU: Marahaba mwanangu, hujakosea. 25 gawanya kwa 6 ni 4 baki 1, ongeza sifuri 10, inaingia mara 1 baki 4, ongeza sifuri 40, inaingia mara 6 baki 4, halafu 40 tena. Baki likijirudia na jibu linajirudia, hapo weka kalamu chini. Shida ni hiyo 3 iliyo ndani ya 6 (6 ni 2 mara 3): kila ukiongeza sifuri unazidisha kwa 10, na 10 ni 2 mara 5, haina 3 ndani yake, kwa hiyo huwezi kuimaliza; zinazoisha ni zile ambazo ukiziandika kama sehemu na kuirahisisha, namba ya chini inaundwa kwa kuzidisha 2 na 5 tu. Wakikwambia nafasi mbili za desimali, tafuta mpaka ya tatu, 4.166, halafu kadirisha: 4.17.