Maswali ya wasomaji: Mvinyo wa 2005 na joto la kaskazi

SWALI: Nimeletewa chupa ya Château Musar nyekundu, mavuno ya 2005. Imekaa kabatini kaskazi nzima. Waliowahi kuuonja mvinyo huo wanasema una siki. Niufungue au nimeshachelewa? Na nimkaribishe nani? (Msomaji, Chumbageni, Tanga)

JIBU: Ufungue. Musar hutoka Bonde la Bekaa, Lebanon, kwa zabibu za Cabernet Sauvignon, Carignan na Cinsault, na huingia sokoni ukiwa na miaka 7 hivi. Usiki kidogo ndio tabia yake. Ubaya ni ule unaochoma pua kama dawa ya kuondolea rangi ya kucha.

Tunachokihofia zaidi ni kabati lako. Mvinyo mkongwe hutaka nyuzi 12 hadi 14. Kaskazi ya Tanga hupita 30. Kagua kizibo: kikiwa kimejitokeza, au pana alama ya mvinyo uliovuja chini ya kifuniko, joto limeusukuma nje na hewa imeingia. Hapo utaonja zabibu kavu zilizochemshwa, wala hakuna cha kuuponya.

Kikiwa salama, simamisha chupa wima ndani ya friji siku nzima ili mashapo yatue. Ni rangi na tanini (ukakasi wa maganda ya zabibu) zilizogandamana, si uchafu, ila ni machungu. Itoe saa moja kabla, bila kuitikisa. Kizibo cha umri huo hukatika ovyo: zamisha kizibuo karibu chote, vuta polepole. Kikikatika, sukuma kipande ndani, kisha uchuje kwa kitambaa safi cha pamba kisichonuka sabuni. Mimina kwenye jagi kwa mkondo mmoja, tochi ya simu ikimulika shingo ya chupa. Wingu jeusi likifika shingoni, acha. Mvinyo utakaobaki chini ya chupa, kina cha vidole viwili hivi, utie kwenye mchuzi wa nyama.

Pembeni mwa glasi utaona rangi ya tofali. Tafuta harufu ya tende, ngozi, tumbaku. Ukinuka boksi lililolowa, kizibo kimeuharibu. Vinginevyo onja kila baada ya dakika 20, maana hubadilika sana ukipata hewa.

Mkaribishe mpenzi wa kahawa chungu. Aliyezoea mvinyo mtamu wa Dodoma ataukunjia uso, na kwa haki yake. Chakula kiwe mbuzi wa kuchoma, pilipili kidogo. Changu wa kukaanga hapana: chuma kilichomo kwenye mvinyo mwekundu kikikutana na mafuta ya samaki, kinywani hubaki shombo.