Giaboksi ya mbio kwenye Subaru ya kila siku?

SWALI: Shikamoo fundi. Naishi Moshi, kazi yangu ipo Arusha, naendesha Subaru Impreza WRX ya gia tano. Gia ya pili inakwaruza nikiingiza haraka. Mwakani nataka kuanza rali, na rafiki yangu ananishauri ninunue kabisa giaboksi ya mbio, eti hiyo haifi. Ninunue?

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Kwa gari unaloendea kazini, usinunue. Na hiyo habari ya kutokufa si kweli.

Giaboksi yako ina sinkro: pete ya shaba inayosawazisha mwendo wa gia na shafti kabla hazijashikana. Za mbio nyingi hazina pete hiyo. Zina meno ya kukamatia ubavuni mwa gia, machache, makubwa, yaliyoachana, yanayokamata papo hapo, ndiyo maana dereva wa rali anapandisha gia bila kukanyaga klachi. Lakini yanataka mkono usiosita. Kwenye foleni ya Tengeru utakuwa unabembeleza gia, kona za meno zinasagana kidogo kidogo hadi zinaviringika, halafu gia inaanza kuruka yenyewe ukikanyaga mafuta. Kelele nayo utaisikia kutoka Boma Ng'ombe mpaka Usa River, maana gia zake huwa za meno yaliyonyooka, si ya mshazari kama zako.

Watengenezaji kama Hewland na Xtrac wa Uingereza, au Sadev wa Ufaransa, hawaahidi kwamba haitaliwa. Wanatengeneza kitu cha kufunguliwa mara kwa mara, na hapo ndipo ninapowaheshimu sana. Hewland za zamani unatoa kifuniko cha nyuma na kubadilisha gia kulingana na uwanja, giaboksi ikiwa bado kwenye gari. Timu hufungua, hukagua meno, hubadilisha yaliyochoka. Wewe kila kipuri utakiagiza ng'ambo, na gari limelala.

Sasa gia yako ya pili. Anza na klachi: injini ikiunguruma, gari limesimama, kanyaga hadi mwisho, subiri sekunde chache, ingiza rivasi. Ikikwaruza, klachi haiachii vizuri, usiisingizie sinkro. Ikiingia laini, mwaga oili uitazame juani. Chembe nyingi za rangi ya dhahabu ambazo sumaku haizishiki zinatoka kwenye pete.

Ukijaza, usikubali kuuziwa oili ya gia ya daraja la GL-4 kwa maneno ya kulinda sinkro. Kwenye Subaru yako difu ya mbele imo ndani ya giaboksi hiyohiyo na zinatumia oili moja. Difu hiyo inahitaji daraja la GL-5, linalokinga zaidi gia zenye mzigo mkubwa, nawe weka yenye uzito wa 75W-90.

Pete ikiwa imekwisha, giaboksi lazima ishuke, basi badilisha na sahani ya klachi humohumo. Rali zako za mwanzo kimbia na hii hii, ila usiachie klachi ghafla wakati wa kuondoka, maana gia tano za WRX huvunjika hapo. Pesa inayobaki nunulia shokamzoba nzuri na bamba la kukinga injini chini.