Nikitoa simu nipige picha mtaani, majirani wananifokea

SWALI: Habari kaka, mimi nimezaliwa Kibera hapa Nairobi, kijiji cha Gatwekera, na nataka kuweka kumbukumbu ya maisha yetu ya kila siku, foleni ya maji, fundi viatu, mama mandazi. Juzi nimetoa simu tu, mama mandazi akanipandia, eti nauza sura yake kwa wazungu, na tumeishi plot moja miaka kumi! Niache ama?

JIBU: Usiache mdogo wangu, ila huyo mama muelewe. Kibera imepigwa picha hadi imechoka, mgeni anashuka na kamera shingoni, anapiga mtoto picha kando ya mtaro, anaingia gari anaenda, na mwenye sura haioni hiyo picha tena. Sasa wewe ukitoa simu bila hata salamu, yeye atajuaje wewe si kama hao?

Mimi ningeanza na daftari. Panga laini ya maji na mtungi wako, andika mtungi ni bob ngapi leo na ulipanda hadi ngapi ile wiki mifereji ilikauka, nani alifika kabla kupambazuke, nani ameacha mtungi wake mtupu akaenda kibarua na jirani ndiye anausongeza kwa mguu, kidogo kidogo, laini ikisonga. Ukipiga picha hapo utaona mitungi ya njano tu, hiyo ya kusongezeana haionekani mpaka mtu aiandike.

Na usione ni mambo madogo. Hadi 2009 Kibera kwa ramani za mtandaoni ilikuwa karibu doa tupu, ni vijana wa hapo hapo, wale wa Map Kibera, walizunguka na GPS wakaweka vichochoro, vioski, vyoo, mashule. Mwaka huo huo sensa ikahesabu watu kama 170,000, na huku nje kila mtu alikuwa anaimba milioni (wengine bado wanaimba).

Watoto usiwapige picha kama mzazi hajakubali. Na kila picha andika tarehe na kijiji cha Kibera ulipoipiga, Lindi si Laini Saba, wenyewe wataku-correct vibaya sana.

Kwa mama mandazi rudi simu ikiwa mfukoni, nunua za kumi, omba msamaha, ufute ile picha yeye mwenyewe akiangalia. Siku akikubali, picha ya kwanza kuprinti iwe yake, umpelekee.