Mchezo wa kushindania wakati: panga bei ya kumbukumbu kwanza

Swali lako nimelielewa hivi: unabuni mchezo wa mashindano ambamo wachezaji wanaweza kurudisha wakati nyuma, kuugandisha au kuupunguza kasi, na umekwama kwa sababu kila ukipiga hesabu, mwenye kurudisha wakati hashindiki. Mimi na wenzangu tumekuwa tukicheza mchezo wetu wa namna hiyo kwa muda mrefu, kwanza ubaoni, baadaye uwanjani. Acha nikueleze tulichokiona.

Ukirudisha wakati, kete zinarudi zilipokuwa, lakini vichwa vya wachezaji havirudi. Umeshaona mpinzani angejibu vipi. Kwa hiyo anayerudisha wakati, kwa kweli, ananunua habari. Wabunifu wengi wanapanga bei ya kete iliyookolewa, wakati kinachouma ni habari iliyopatikana. Hapo ndipo haki inapoharibika, na hapo ndipo pa kutengeneza.

Mchezo wetu tunauita Rejea. Ubao una miraba 7 kwa 7, kila upande una kete 5, na atakayefikisha kete moja ukingo wa pili ameshinda. Kila mchezaji ana dakika 4 kwenye saa ya sataranji, zikimwishia, ameshindwa. Mpinzani akishajibu, unaweza kusema "rejea", na ubao unarudi ulivyokuwa kabla hujacheza. Rejea ya kwanza bei yake ni sekunde 10, ya pili 20, ya tatu 40, ya nne 80. Tulipokuwa tunazikata tu sekunde hizo, mchezo haukukaa sawa: aliyerejea alipata habari na mpinzani hakupata chochote. Mambo yalibadilika tulipoamua kwamba sekunde zinazokatwa kwako zinaingia kwenye saa ya mwenzako. Mfumo huo upo tangu zamani kwenye sataranji ya saa ya mchanga, ambako kila sekunde unayotumia kufikiri inaongezwa kwa mpinzani. Sasa anayechunguliwa analipwa, na malipo yenyewe ni muda wa kufikiri, kitu anachokihitaji hasa kwa kuwa siri yake imetoka.

Utauliza: je, mpinzani akirejea rejea yangu, na mimi nikarejea ya kwake? Huo mzunguko ulishatatuliwa karne nyingi zilizopita na Go, mchezo wa kale wa kupanga mawe ubaoni kutoka China. Kanuni ya ko inakataza kula jiwe kwa namna itakayorudisha ubao papo hapo kwenye sura uliyotoka nayo. Sisi tumechukua roho ya kanuni hiyo: ukirejea, lazima ucheze tofauti na ulivyocheza, na rejea yenyewe haifutwi. Saa nayo hairudi nyuma kamwe. Hili la saa ulishike sana. Lazima pawe na wakati mmoja ulio nje ya mchezo, ambao hakuna mchezaji anayeugusa, la sivyo mwamuzi hana pa kusimama.

Raha yenyewe iko kwenye udanganyifu. Wageni hurejea wakikosea. Waliokomaa hawangoji kukosea: wanacheza hatua ya chambo wasiyokusudia kubaki nayo, wanatazama jibu, wanalipa sekunde 10, kisha wanacheza hatua yao ya kweli. Baada ya muda mpinzani anashtuka na kuanza kujibu chambo kwa uongo, akisogeza kete ambayo asingeisogeza, ili habari unayonunua iwe mbovu. Lakini akikisia vibaya na wewe usirejee, amebaki na hatua mbovu ubaoni na hawezi kuifuta bila kulipa. Nimeona michezo iliyoamuliwa na rejea ambayo haikuitwa: mtu ameweka kidole juu ya saa, mwenzake anamsoma uso, kisha kidole kinaondoka. Kwangu mimi mchezo wa wakati unaokosa kipindi hiki cha kusomana haujakamilika, hata uwe na kanuni nzuri kiasi gani.

Kupunguza kasi ni habari nyingine. Watu wawili wakicheza katika ulimwengu mmoja, ukimpunguzia mmoja kasi, wa pili naye anasubiri. Njia rahisi ni kutopunguza chochote, bali kugawa muda usio sawa. Sataranji ina mchezo wa mwisho wa kuvunja sare, Armageddon, ambapo mara nyingi mwenye nyeupe hupewa dakika 5 na mwenye nyeusi 4, na sare ikitokea mwenye nyeusi ndiye mshindi. Kuna mashindano ambayo wachezaji hunadi: anayekubali dakika chache zaidi anapata nyeusi. Mnada huo ungefaa sana kufungulia mchezo wako.

Uwanjani, achana na kurudisha wakati. Miili inaweza kurudi kwenye alama zilizochorwa, ila mwendo wa mpira haurudiwi. Kinachofanya kazi ni kugandisha: timu inalipa sekunde kutoka akiba yake, refa anapuliza filimbi, na mchezaji mmoja wa upande wa pili anasimama kwa sekunde 3. Usishuke chini ya sekunde 1, kwa sababu mtu huchukua takribani sehemu moja ya tano ya sekunde kuitikia ishara tu, na mabishano kuhusu nani alisimama lini hayataisha.

Uwanjani pia utakutana na timu inayoongoza ikikaa na mpira ili muda uishe. Kwenye mpira wa kikapu wa Marekani, mwaka 1950 Fort Wayne Pistons waliwafunga Minneapolis Lakers 19–18 kwa kukaa na mpira hivyo hivyo. Ligi yao, NBA, ikaleta mwaka 1954 saa ya sekunde 24, ambazo timu lazima irushe mpira kikapuni kabla hazijaisha, kwa hesabu ya Danny Biasone, mmiliki wa timu ya Syracuse Nationals: mchezo una sekunde 2,880, mchezo mzuri una mitupo kama 120, gawanya. Fanya hesabu hiyo hiyo kwenye mchezo wako. Cheza mara kadhaa bila kikomo, hesabu mashambulizi katika ile michezo iliyokufurahisha peke yake, kisha ugawe muda wote kwa idadi hiyo. Kikomo cha zamu kikishakaa, ndipo upange bei ya kugandisha, maana kikomo kikibadilika na thamani ya kila sekunde inabadilika.