Usianze na Pascal

Kama unaanza utafiti juu ya kesi za dhamiri, yaani maswali magumu ya lipi ni halali na lipi ni dhambi, nisikilize: mimi nilianza na Blaise Pascal, mwandishi Mfaransa, na ilinigharimu muhula mzima. Barua zake za 1656 na 1657 dhidi ya Wajesuiti, watawa wa shirika la Kikatoliki, zinachekesha na zinauma. Ukishazisoma, huwezi kumfungua Escobar, Mjesuiti mwandishi wa kesi hizo, bila kutabasamu. Nikaandika kurasa arobaini za kuwabeza watu ambao vitabu vyao sikuwa nimevigusa. Msimamizi wangu akazirudisha na swali moja pembeni: "Kesi hii umeisoma mwenyewe?"

Basi wewe anza na kesi zenyewe. Tangu Mtaguso wa Nne wa Laterano, 1215, kila mwamini aliyefikia umri wa kujitambua alitakiwa kuungama walau mara moja kwa mwaka, na padre alihitaji kujua atamjibu nini mfanyabiashara mwenye shaka juu ya riba. Vitabu vingi vya kesi viliandikwa kwa ajili ya padre huyo. Azpilcueta, mwanateolojia Mhispania, kwa mfano, anakumbusha kisa cha Fransisko wa Asizi, aliyeulizwa kama mtu anayesakwa amepita hapo. Akapenyeza kidole kwenye mkono wa kanzu yake, akajibu, "Hakupita hapa," yaani ndani ya mkono wa kanzu. Ujanja wa kitoto? Kisome tena ukijiweka pale, msakaji kakukodolea macho. Kisha fuata hoja hiyo hadi London, 1606, alikonyongwa Mjesuiti Henry Garnet baada ya njama ya baruti, ile ya kumlipua mfalme na bunge la Uingereza. Kortini, fundisho la kujibu kwa maneno yenye maana mbili liligeuzwa kuwa ushahidi kwamba haaminiki.

Halafu kuna neno *probabilis*, ambalo lilinitesa kuliko yote. Mwanateolojia Medina wa Salamanca, Hispania, aliandika mwaka 1577 kwamba maoni yakiwa *probabilis* yanaruhusiwa kufuatwa, hata kama yanayoyapinga ni *probabilis* zaidi. Nilitafsiri "yenye uwezekano", na Medina akaonekana mcheza kamari. Kumbe ni maoni yanayostahili kukubalika, yenye hoja nzito au wanazuoni wa kutegemewa nyuma yake. Aliyewahi kumsikia shehe akisema "hapa wanazuoni wamehitilafiana" atalielewa haraka kuliko nilivyolielewa mimi.

Usiwaachie Wakatoliki uwanja peke yao, maana hata William Perkins, Mpuritani (Mprotestanti mwenye msimamo mkali) wa Cambridge, aliandika juu ya kesi za dhamiri.

Kilatini chao kinasomeka. Kinachochosha ni vifupisho vya majina na sheria pembeni mwa ukurasa. Vifungulie daftari lake siku ya kwanza.