Barua kwa mwanangu: kabla mtoto hajasaini League Two

Mwanangu Rehema,

Salamu kwako na kwa mjukuu wangu. Umeniuliza kama mtoto asaini ule mkataba wa akademi wa miaka miwili aliopewa na klabu ya League Two, na kama beki wa kati wa ngazi hiyo anaweza kuishi kwa mpira. Asaini, ila mjue anasaini nini.

League Two ni ngazi ya nne Uingereza: timu 24, mechi 46 za ligi kati ya Agosti na Mei, makombe hayajahesabiwa. Ni Jumamosi, Jumanne, kisha Jumamosi tena. Januari uwanja ni mzito na mipira mingi inapita juu. Beki kijana mara nyingi haaibiki kwenye kuruka, anaaibika kwenye mpira wa pili. Anashinda kichwa vizuri, mpira unadondoka mita chache mbele, naye bado anautazama wakati straika ameshaufuata. Azoee kupanda na mstari wa wenzake mara tu mpira unapotoka kichwani. Na asikariri kwamba kupiga vichwa vingi ndiyo mazoezi: tangu 2021 mwongozo wa soka la Uingereza unataka vichwa vizito, yaani vya pasi zinazozidi mita 35, krosi, kona na frikiki, visizidi 10 kwa wiki mazoezini. Kazi kubwa iliyobaki ni ya macho na miguu: kumsoma kipa wa upande wa pili anavyojiandaa kupiga, kusimama kiupande badala ya kumkabili mtu kifua wazi, na kujua straika yuko wapi bila kugeuza shingo.

Usishtuke wakimpeleka mkopo, yaani akachezee klabu nyingine kwa muda. Timu ya vijana haimfundishi beki kukabana na mtu mzima anayetafuta bonasi ya kodi ya nyumba. Mtazame Haji Mnoga wa Taifa Stars, mzaliwa wa Portsmouth, 2002. Portsmouth ilimpa mechi ya kwanza akiwa na miaka 16, kisha akazunguka kwa mkopo Bromley, Weymouth, Gillingham na Aldershot. Alikuwa mchezaji wa mkopo Aldershot, ngazi ya tano, alipokwenda AFCON kule Ivory Coast Januari 2024. Mwaka huohuo akahamia Salford City, League Two. Mkopo mbaya ni ule wa kukaa benchi. Kabla hajakubali, aulize timu hiyo ina mabeki wa kati wangapi wasio na majeraha.

Sasa karatasi. Mkataba wa kulipwa anaweza kuupata akifika miaka 17. Karibu yote huisha 30 Juni, na Mei klabu hutangaza inaobaki nao na inaowaacha. Kwa hiyo mwezi wa kutisha ni Mei. Soma kipengele cha mwaka wa nyongeza: mara nyingi hiari ni ya klabu peke yake, mtoto hana la kusema. Tazama mshahara unakuwaje timu ikishuka daraja, na posho ya kucheza inalipwa akianza mechi tu au hata akiingia dakika ya 88. Jambo moja linalowachanganya wazazi: mchezaji aliye chini ya miaka 24 akikataa ofa isiyopungua ya awali, klabu mpya hudaiwa fidia. Akiachwa kabisa, anaondoka bure, na klabu ndogo humchukua kwa urahisi zaidi.

Wakala asishike kalamu kabla yako. Anayemhudumia mtoto lazima awe na kibali cha FA, chama cha soka cha Uingereza, cha kufanya kazi na watoto, na mzazi lazima asaini.

Masomo ya akademi ayamalize, hata kama yanamchosha. Ngazi ya sita, National League North na South, timu nyingi hufanya mazoezi jioni mara mbili kwa wiki, na beki wa miaka 27 huko huwa na kazi nyingine mchana.

Nitumie picha ya kurasa zote, hasa ile ya majeraha. Nataka kuona mshahara kamili unalipwa kwa wiki ngapi akiumia goti.

Baba yako